Choo Kimepona, Matuta Yamekwenda

Asubuhi hiyo kwenye jukwaa la mbao nje ya duka la Bi Ok-bun, juu kabisa ya mtaa wa ngazi huko Busan, kahawa ya pakiti ilikuwa inapoa vikombeni na hakuna aliyeitamani. Tangazo la mpango wa mtaa lilikuwa limebandikwa ukutani. Choo cha umma kitahifadhiwa, kiwe kumbukumbu ya mtaa. Shamba la mlimani, ambako kila nyumba ina tuta lake la kabichi na pilipili, litakuwa maegesho ya magari. Bi Ok-bun amelima pale tangu alipoolewa. Alisoma tangazo mara mbili, akakaa.

— Choo! Jamani, choo?

— Kuna kitu chini yake, alisema Spana, fundi bomba. Choo hakihifadhiwi bure.

— Kitu gani zaidi ya tulichoweka sisi?

— Handaki, dada. La wafalme.

— Handaki wapi! alidakia Redio, kinyozi mstaafu. Ni watalii. Watavuka bahari kutoka Japani waje kupanga foleni. Mgeni njoo, mwenyeji apone!

— Apone nini, na choo chenyewe hakina maji? Bi Ok-bun alifoka. Kwenye mkutano tulipewa stika, tubandike kwenye ramani mahali tusipotaka paguswe. Wewe Redio, ulibandika wapi?

Redio akakohoa.

— Alipobandika Babu Go.

— Na wewe, Spana?

— Nimpinge mkubwa mbele za watu? Kuishi kwingi kuona mengi, dada!

Wote wakamgeukia Babu Go, mkongwe wa mtaa, aliyekuwa anapuliza kahawa iliyokwisha kupoa.

— Babu, kwa nini choo?

— Choo gani? Mimi nilibandika shambani. Miwani niliisahau nyumbani, lakini si vimepakana?

— Mama yangu wee! Spana akashika kichwa.

— Na wewe dada, ulibandika wapi? Redio aliuliza.

Bi Ok-bun aliona haya mpaka masikio yakamwaka. Siku ile alikuwa nyuma ya Babu, na alikiona kile kidole kinatua chooni. Alijiambia mzee ana sababu zake, si adabu kumsahihisha. Akabandika papo hapo.

— Penye wengi hapaharibiki neno, alisema.

Hapo akatokea mpangaji mpya, binti aliyehamia juzi, amebeba trei ya miche ya pilipili.

— Shikamooni. Mwenye nyumba kaniambia huku kila nyumba ina tuta lake. Langu liko wapi?

Bi Ok-bun alifungua kinywa amjibu, akaangua kilio.