Bwana Dirisha Hasafirishwi

Marehemu mume wangu, ambaye hapa wote mlimwita Bwana Dirisha, alizaliwa tarehe 12 Machi 1958, mtoto wa nne wa mfinyanzi na mkewe. Alisoma hadi darasa la saba, akaanza kujifunza useremala.

Mwaka 1976 alikohoa damu. Kaka zake wakamleta hapa kwenye hospitali ya kifua kikuu, wakamwacha getini na blanketi moja. Hawakurudi. Kwao walimwekea matanga, wakagawana nguo zake.

Yeye akapona. Hakuwa na pa kwenda, akapewa kazi ya kuwasukuma wagonjwa na vitanda vyao barazani kila asubuhi wapate hewa, na kuwarudisha ndani jioni. Aliifanya hadi kustaafu. Gurudumu likikwama, alilitengeneza mwenyewe.

Tulifunga ndoa tarehe 8 Septemba 1990. Mimi nilikuwa nafua mashuka hapo hapo, maana shule sikupelekwa. Kijiji hiki kinauza maziwa na mayai hospitalini, lakini mkono wa mtu wa hospitali hakiushiki. Hata mama yangu mzazi alikuja harusini na kikombe chake mkobani.

Nyumbani dirisha halikufungwa, iwe mvua, iwe baridi. Nikilalamika, "Baba, tutaganda humu!" alinijibu, "Jifunike, mama. Hewa iliyolala ndiyo inayoua." Nimelala na soksi tangu niolewe.

Mwaka jana aliugua figo. Daktari alisema figo. Majirani wakasema kifua kimerudi, wakaacha kuja. Nilimuuguza peke yangu. Nilipowapigia kaka zake, mkubwa wao aliniuliza, "Kwani shemeji, bado yu hai?" Alifariki nyumbani alfajiri ya tarehe 21 Julai 2019.

Jana shemeji zangu wamefika na gari, wanataka mwili wakauzike kwao. Nimeambiwa nisibishane, mtu ni kwao. Nimechoka, sina nguvu ya kubishana. Nasema tu kwamba kwao ni hapa walipomtupa. Shemeji, nyinyi matanga yenu mlishayaanua. Kaburi limechimbwa nyuma ya wodi, alipopataka mwenyewe, na waliolichimba ni watu aliowasukuma barazani wakapona.

Ameacha mjane, mabinti wawili, mjukuu mmoja na kaka watatu.

Pumzika, baba watoto. Dirisha sijalifunga.