Wadi Niliyemfungulia Geti

Jina la Bwana lisifiwe, ndugu zangu! Leo nimesimama mbele yenu, na ni kwa rehema zake tu.

Kabla ya kimbunga kile nilikuwa mtu wa kununa. Nilikuwa na wiki tatu tu hapa Muscat, nikimtunza Bibi mmoja kule Ansab, Mwomani mzaliwa wa Unguja, amepooza miguu. Jamani, ninavyomkumbuka! Kila asubuhi aliniuliza, "Umelalaje, mwanangu?" nami namjibu kwa mkato. Leo natamani aniulize hata mara moja.

Siku ya kimbunga mvua ilipiga tangu alfajiri, upepo ukang'oa matangi juu ya nyumba. Tulikuwa wawili tu. Mchana Bibi akachungulia dirishani kutoka kitandani, akapiga kelele kwa Kiarabu: "Wadi jay! Wadi jay!" Kwa Kiarabu changu cha jikoni, "jay" nilijua ni anakuja. Wadi nikadhani ni mgeni. Mnacheka? Chekeni! Nilikimbia kumfungulia geti huku namsema moyoni: mgeni gani huyu haogopi mvua!

Kumbe wadi ni bonde la maji, na mafuriko yalikuwa yakishuka kutoka milimani, yamebeba magari! Nikarudi ndani mbio. Maji yakafika magotini, kumbeba Bibi siwezi.

"Niache, panda juu wewe. Nnakwambia niache!"

Nikalia, "Yesu, sina nguvu!"

Ndugu zangu, Mungu anajibu! Mafundi watatu wa jengo la jirani walikuwa wakiyakimbia maji. Mageti yote ya mtaa yamefungwa, letu tu liko wazi. Wakaingia kujiokoa, wakamkuta Bibi, wakambeba na godoro lake hadi juu ya nyumba.

Wa nyumba ya pili hawakuwahi kupanda juu. Mama na binti zake wawili, majirani zetu, walichukuliwa na maji. Mtaa mzima ulilia. Wiki nyingi tulipika pamoja, Waislamu na Wakristo, tukala sinia moja. Siku zile za msiba nazikumbuka kwa upendo tuliokuwa nao, Mungu anisamehe.

Bibi aliishi miaka minne zaidi. Nilimwogesha, nilimlisha, sikununa tena. Alipofariki, wanawe walinikalisha pamoja na wafiwa.

Asante, Bwana! Na wewe uliyekaa hapo ukisema hujui kuomba, hujui pa kuanzia, hujui lolote: mimi nilijua nini? Mwamini hivyo hivyo ulivyo. Amina!