Shughuli ya Arobaini na Moja

Lutgart Verstraeten alifariki Jumanne, tarehe 14 Februari 2012, saa nne na dakika ishirini asubuhi, katika chumba cha mbele cha nyumba yake hapa Ghent, akiwa na umri wa miaka sitini.

Marehemu alizaliwa tarehe 3 Mei 1951 mjini Lokeren, mtoto wa tatu wa mzee Alfons na mama Irma, ambao wote wawili walifanya kazi katika kiwanda cha manyoya ya sungura, na wakirudi nyumbani walizungumza kidogo sana, hata watoto wakajifunza kusikiliza. Alisoma shule ya msingi ya masista hadi mwaka 1963, sekondari hadi 1969, kisha Chuo Kikuu cha Ghent, alikohitimu shahada ya lugha mwezi Julai 1973.

Septemba ya mwaka huo alianza kufundisha Kiholanzi katika sekondari moja ya Eeklo, na tarehe 12 Juni 1976 alifunga ndoa na Roeland Baeke, dereva wa tramu, wakajaliwa mtoto mmoja, Hadewych, aliyezaliwa tarehe 30 Januari 1979.

Mwaka 1981 alihamia kwenye madarasa ya wahamiaji, na huko alimkuta mama aliyefaulu mtihani wote wa vitenzi, lakini akashindwa kumweleza daktari mahali mwanawe alipoumia. Tangu siku hiyo marehemu hakukiamini tena kitabu cha sarufi. Mwaka 1988 aliingia katika kundi la watu watano waliopewa kazi ya kuandika muhtasari mpya wa masomo, ambao haukupangwa kwa kanuni za lugha bali kwa shughuli ambazo mtu huzifanya kweli, kama kurudisha kiatu dukani, kupiga simu shuleni mtoto akiugua, kusoma notisi ya mwenye nyumba, na mwanafunzi alihesabiwa kuwa amefaulu pale jambo lake lilipokamilika, hata kama sentensi ilichechemea. Kanuni yake kwa wenzake ilikuwa moja, kwamba asiandike mtu shughuli yoyote kabla hajakaa pale inapofanyika na daftari mkononi.

Machi 1993 alikaa siku kumi katika kampuni moja ya kusafisha matangi kando ya mfereji. Alipewa kiti katika ofisi ya wasimamizi, penye joto, mbele ya dirisha, akaandika yote yaliyosemwa pale, na yaliyosemwa pale yalikuwa amri. Wasimamizi walipoulizwa wafanyakazi wanahitaji lugha gani, walijibu, "Waelewe mara moja, wasiturudishe nyuma, basi." Hivyo ndivyo shughuli ya kumi na saba ilivyozaliwa, kupokea agizo kwa mdomo na kulitekeleza, na jibu lake lilikuwa, "Nimeelewa, naanza." Wafanyakazi wenyewe hakuwauliza. Kosa hilo alilisema yeye mwenyewe, mara nyingi, mbele ya watu, na aliagiza lisomwe leo.

Juni 1994 Dursun Akkaya, mhamiaji mzaliwa wa Emirdağ, mfanyakazi wa kampuni hiyo na baba wa watoto watatu, alipata alama zote katika shughuli hiyo. Jumatano tarehe 9 Novemba 1994 aliagizwa kuingia katika tangi ambalo hewa yake haikuwa imepimwa, na mwenzake aliyekuwa juu alieleza kwenye uchunguzi kwamba Dursun alisimama mlangoni kidogo, akatazama ndani, akasema, "Nimeelewa, naanza," akashuka. Hakutoka akiwa hai.

Uchunguzi haukumtaja marehemu wala muhtasari wake. Lakini mjane, Bibi Gülizar, alikuja darasani wiki tatu baadaye kuchukua daftari la mumewe, akalipekua lote, kisha akauliza, "Mwalimu, nimetafuta. Pa kukataa ni ukurasa gani?" Marehemu hakuwa na ukurasa wa kumwonyesha.

Majira ya baridi hayo aliandika shughuli ya arobaini na moja, kusimamisha kazi na kumweleza msimamizi sababu. Alipoijaribu darasani, yeye akicheza msimamizi, mwanafunzi mmoja alisema, "Mwalimu, nitakuambia hapana vizuri kabisa, ila kesho unitafutie kazi nyingine," na darasa zima likacheka, naye akacheka. Baadaye aliandika pembeni mwa karatasi kwamba wote wamefaulu kwa sababu msimamizi alikuwa yeye, kwamba shughuli hii inahitaji watu wawili, na mmoja wao hakai darasani.

Aliipeleka kwenye kamati inayoidhinisha muhtasari mwaka 1995, 1999, 2004 na 2010. Mara ya kwanza aliambiwa, "Lutgart, hapa tunafundisha lugha, hatufundishi mgomo." Mara ya pili aliambiwa muda wa masomo hautoshi, ya tatu kwamba haipimiki, ya nne hakujibiwa. Roeland anakumbuka kumwambia jikoni, "Lut, umefanya uliloweza," na yeye akajibu, "Dursun pia alifanya alilofundishwa."

Tarehe 20 Oktoba 2011 madaktari waligundua saratani ya kongosho. Alikataa matibabu marefu, akaomba kurudishwa nyumbani na kupewa rasimu ya shughuli hiyo. Hadewych alipomsihi, "Mama, iache sasa, pumzika," alisema, "Nikiiacha, nani ataishika?" Alhamisi tarehe 9 Februari barua ya kamati ilifika, ikieleza kwamba muhtasari utachapishwa upya bila mabadiliko. Hadewych alimsomea mara mbili. Marehemu alisema, "Nimeelewa," akarudisha rasimu kwenye bahasha, na tangu hapo hakuiomba tena.

Familia inawashukuru daktari na wauguzi waliokuja nyumbani kila siku, majirani wa mtaa wetu walioleta supu na kumpokea Roeland zamu za kukaa naye, walimu wenzake, wanafunzi aliowafundisha kwa miaka thelathini, na Bibi Gülizar Akkaya, aliyeketi safu ya pili, ambaye kila Novemba alimletea marehemu mkate na hakumlaumu hata mara moja, jambo ambalo marehemu alisema lilikuwa gumu kulibeba kuliko lawama.

Lala, Lutgart, uchovu wako umeisha.

Nakala ya kwanza ya muhtasari uliochapishwa upya ililetwa nyumbani jana, Ijumaa, saa nane mchana. Ina shughuli arobaini.