Dakika Mbili za Bwana Mahfoudh

Leo, Alhamisi tarehe 31 Disemba 1970, Bwana Mahfoudh bin Ghanim anaiaga mashine ya sinema ya klabu yetu ya wafanyakazi, hapa Maskati, baada ya utumishi wa miaka thelathini na moja: ishirini na mitano Unguja, na sita hapa kwetu. Mimi, msaidizi wake kwa miaka minne, nimepewa kazi ya kumwandikia wasifu huu. Nimeuandika mara tatu na kuuchana mara mbili. Jioni hii nitaiendesha mashine peke yangu naye akitazama.

Mahfoudh hakai. Mkanda ukizunguka, naye anazunguka: anagusa hiki, anapangusa kile, anachungulia kitunduni kuona kama picha bado ipo ukutani. Mkewe, Bi Nasriya, alitupa ushahidi wake bila ya kuulizwa: "Mwanamme huyu hata chai anakunywa kasimama. Nnamwambia kaa, anasema mkanda haujesha."

Alianza Unguja mwaka 1939 kwa kubandika matangazo, akapanda mpaka chumba cha mashine. Mapenzi yake yalikuwa picha za makauboi za mfululizo, zile nyeusi na nyeupe zenye sehemu kumi na mbili. Kila wiki huoneshwa sehemu moja, na kila sehemu humwacha steringi mahali asipotoka mtu salama. Januari 1964 alikwisha bandika tangazo la sehemu ya mwisho ya mfululizo mmoja. Wiki hiyo hiyo yakatokea Mapinduzi, sinema ikafungwa, na miezi michache baadaye yeye na Bi Nasriya walikuwa Maskati. Sehemu ile hakuionesha, wala mwenyewe hakuwahi kuiona.

Mwaka 1967 kampuni, mwajiri wetu, ikatuletea mfululizo uleule. Nilimwona akisoma jina kwenye makopo ya mikanda, akalisoma tena, kisha akatoka nje.

Siku zile Mlango Mkubwa wa mji ulikuwa ukifungwa saa tatu usiku, na aliyebaki nje alilala nje. Klabu iko nje ya ukuta na nyumba zetu ndani, kwa hivyo lori la kuturudisha liliondoka saa mbili na nusu, liwe liwalo. Kabla ya makauboi tulilazimika kuonesha filamu ya kampuni kuhusu helmeti na glavu, ambayo haikuruhusiwa kupunguzwa hata kidogo. Muda ulikuwa hautoshi. Mahfoudh akawa anausogeza mkanda mbele, anaruka dakika tatu za mwanzo wa kila sehemu. Alijua fika kwamba ndimo inamooneshwa jinsi steringi alivyookoka, lakini aliona bora tukose mwanzo kuliko mwisho.

Basi tukamwona steringi anatumbukia korongoni Alhamisi hii, na Alhamisi ya pili yuko juu ya farasi, kofia haina hata vumbi! Karakana nzima ikakosa raha. Bakhit, mchomeleaji wetu, aliapa kwamba farasi ndiye aliyemdaka. Thani wa stoo hakukubali: "Ana pacha, wallahi! Huyu wa leo pua yake nyengine." Tulimwendea Mahfoudh atuamulie. Akarudi kwenye mkanda wake.

Ikafika sehemu ya kumi na mbili. Hiyo hakuiruka hata kidogo; aliingoja tangu Unguja, na moyo ulikataa kuipunguza. Steringi alikuwa ananing'inia kwenye kamba juu ya mto, adui keshachomoa kisu, Marhoon wa lori alipoanza kupiga honi. Zilibaki dakika mbili. Watu arubaini wakapiga kelele, na Bakhit akawashinda wote: "Wacha imalize, Ami Mahfoudh! Tutalala nje!"

Mahfoudh akawasha taa. Alikuwa amewaahidi wake zetu kwamba hakuna mtu atakayefungiwa nje kwa ajili ya sinema yake, na ahadi hiyo hakuivunja hata kwa kitu alichokitamani kuliko sisi sote. Asubuhi makopo yakapanda ndege kwenda kambi ya jangwani, na kutoka huko yakaendelea na safari. Mwezi mzima watu walimnunia. Nami nilikuwa miongoni mwao, na leo naona haya kuliandika.

Kazi yake nyengine mnaijua. Katika miaka sita hatukuunguza mkanda hata mmoja. Mkanda wa mota ulipokatika mwaka juzi, alifunga wa cherehani ya Bi Nasriya na picha ikaenda. Na kwa miaka mitatu alikuwa akiandika barua, Bahrain, Bombei na Mombasa, kuitafuta sehemu ile.

Mwezi uliopita kopo lake lilifika. Mlango siku hizi haufungwi, na Marhoon ameahidi kuziacha funguo za lori nyumbani. Baada ya chakula tutaionesha yote, tangu mwanzo. Bwana Mahfoudh aliomba aiendeshe mwenyewe; kamati ilimkatalia kwa sauti moja. Kiti chake kipo mstari wa mbele, ubavuni mwa Bi Nasriya.

Jumanne niliujaribu mkanda, kama alivyonifunza. Nilipofika pale penye kamba, nikazima. Sijui kama dakika zile mbili ni nzima au zimekatika, lakini sikuthubutu kumtangulia.

Bwana Mahfoudh, ahsante kwa miaka yote. Mungu akupe umri, siha na mapumziko mema. Taa leo nazima mimi.