Walipomtaja Spana

Benchi la kijiwe hiki zamani lilikuwa mlango. Tundu la ufunguo bado lipo upande wa kulia, na anayekalia hapo huinuka na alama kwenye suruali. Nyuma ya benchi kuna vibanda viwili vilivyoegemeana, cha kinyozi na cha fundi redio. Ng'ambo ya barabara kuna duka la cherehani lenye mlango wa vioo viwili. Kimoja kilivunjika, kimezibwa kwa kadibodi. Asubuhi ya Alhamisi walikuwepo wanne. Wembe, kinyozi. Masafa, fundi redio, ambaye kila redio anayoitengeneza lazima aijaribu kwa sauti ya juu. Jaji, aliyelinda lango la mahakama mpaka akastaafu, akaondoka na msamiati wa ndani. Na Birika, muuza kahawa, ambaye hukalia ndoo ili asichanganywe na wateja. Wa tano hakuwepo. Spana, fundi wa pampu za maji na zamani mpiga ngoma wa bendi ya roki iitwayo Waya Wazi, alikuwa amesafiri tangu wiki iliyopita kwenda kutengeneza pampu mahali ambapo simu hazishiki. Asubuhi hiyo redio ya Masafa ilipiga wimbo mpya wa Waya Wazi wa kuwaenzi wanamuziki wenzao. Wimbo ulitaja majina. La nne lilikuwa la Spana. Mtangazaji akasema wataupiga tena baada ya taarifa ya habari.

— Rudia, alisema Jaji. Wametajwa akina nani?

— Kidole wa gitaa, alisema Masafa akikunja vidole vyake. Bi Kengele, yule mwimbaji. Profesa wa kinanda. Halafu Spana wa ngoma.

— Kidole si tulimzika?

— Mwaka jana.

— Bi Kengele?

— Siku nyingi, huyo.

— Profesa?

— Profesa alitangulia hata kabla ya Bi Kengele. Ini.

Hakuna aliyeuliza kuhusu wa nne. Ng'ambo, cherehani ilikuwa inakwenda. Mke wa Spana, ambaye kijiwe kizima humwita shemeji, alikuwa ameinamia sare za shule. Kwa sababu ya kadibodi walimwona nusu.

— Hajajua, alisema Wembe kwa sauti ya chini.

— Angejua angekuwa anashona?

— Atajuaje? alisema Masafa. Redio yake mbovu. Iko kwangu. Ndiyo hii.

Wote wakaitazama redio.

— Hii hii? Na inaimba hivi, hujamrudishia kwa nini?

— Nilikuwa naijaribu.

Birika akapiga simu. Akasikiliza, akairudisha mfukoni.

— Haipatikani.

— Tangu Jumapili haipatikani, alisema Wembe.

— Si alituaga kabisa kwamba kule mtandao hakuna?

— Alisema. Wote husema hivyo.

— Wote akina nani?

— Wanaokwenda.

Jaji akakohoa, kama afanyavyo kabla ya kutoa uamuzi.

— Tusihukumu kabla ya ushahidi. Ila wahenga walisema, maji yakimwagika hayazoleki.

— Ya Spana yanazoleka, alisema Birika. Ana pampu.

— Birika, mwenzio yuko mochwari, wewe unatania.

— Mochwari? Umempeleka saa ngapi?

Wembe akasogea mbele ya benchi.

— Mimi nasema ni umeme. Pampu, maji na umeme ni ndugu watatu wasiosalimiana. Halafu nilimnyoa siku aliyoondoka. Nywele zilikuwa nzito. Mkasi ukawa unagoma.

— Mkasi wako unagoma kwa kila mtu.

— Zilikuwa nzito kwa namna nyingine.

— Swali ni bendi walijuaje, alisema Masafa. Familia haina habari, sisi hatuna habari, wao wana wimbo mzima. Wanamuziki wana mawasiliano yao. Mmoja akianguka, wenzake wanapata taarifa kabla hajafika chini.

— Wanaipata kwa njia gani?

— Kuna masafa ambayo redio za kawaida hazishiki.

— Na za kwako?

— Nilikuwa na moja iliyokuwa inashika. Mwenyewe akaja kuichukua.

Jaji akainua kidole.

— Naomba nimhoji shahidi. Masafa, wimbo unatengenezwa kwa muda gani?

— Miezi. Kuutunga, kuurekodi, kuusafisha sauti.

— Miezi. Na Spana ameondoka lini?

— Wiki iliyopita.

— Basi, alisema Jaji, akaweka kikombe chini. Walijua kabla.

Hoja ilikuwa imewafikisha mlangoni kabisa pa jibu, wakageuka wote kwa pamoja wakaelekea upande mwingine.

— Una maana bendi ndio waliopanga? aliuliza Wembe.

— Sijasema walipanga. Nimesema walijua. Kisheria ni vitu viwili.

— Walikuwa na sababu, lakini. Alipoacha bendi aliondoka na ile ngoma kubwa. Mpaka leo iko chumbani, wanarundika nguo za kunyoosha juu yake. Ndiyo maana ikasemwa, mgeni njoo mwenyeji apone.

— Mgeni ni nani hapo?

— Ngoma.

— Na mwenyeji?

— Ndiyo hakupona.

— Au labda hajafa, alisema Masafa. Kajificha. Wakubwa hufanya hivyo. Mtu anatangazwa amekufa, nyimbo zinapanda, kumbe yuko nchi ya mbali kafuga ndevu.

— Spana hana ndevu, alisema Wembe, na kwa jambo hilo hakuna aliyeweza kumpinga. Nimemnyoa toka tuko vijana. Kidevu chake ni kama sahani.

— Basi ndiyo vizuri zaidi. Akiwa na ndevu nani atamjua?

Birika alichochea makaa. Kisha akasema kile ambacho wote walikuwa wanakizunguka.

— Nani atamwambia shemeji?

— Lazima aambiwe, alisema Jaji. Usipoziba ufa utajenga ukuta.

— Haya, nenda kaujenge.

— Mimi nitasema, ila mtu anitangulie.

— Mimi nina moto hapa, alisema Birika. Siwezi kuuacha.

— Mimi nina mteja, alisema Wembe.

Wakageuka kukitazama kiti chake cha kunyolea. Kilikuwa kitupu, na taulo limekunjwa juu yake.

— Namsubiri, alisema Wembe.

Masafa alikuwa ameishika bisibisi yenye mpini mwekundu. Aliigeuza, akaigeuza tena.

— Hii ni ya kwake, alisema. Aliniachia. Akasema, nitunzie, nikirudi naichukua.

Hapo ndipo waliposikia kwamba cherehani ng'ambo imesimama.

Shemeji alitoka na kikombe chake cha bati, kama atokavyo kila asubuhi. Akangoja mkokoteni wa mkaa upite, akavuka. Alikuwa na futi ya kupimia shingoni na pini mbili ukosini.

— Leo kuna nini? Mmenyamaza kama watoto waliovunja sahani.

— Shemeji, karibu ukae, alisema Jaji.

— Nimekaa tangu asubuhi. Birika, nitilie.

Birika akatia. Kahawa ikajaa, ikapita ukingo, ikamchuruzikia shemeji vidoleni.

— Birika.

— Samahani, shemeji.

Akawatazama mmoja baada ya mwingine. Wembe alikuwa anasoma kucha zake.

— Semeni.

Jaji akasimama. Alama ya tundu la ufunguo ilikuwa imempata barabara.

— Shemeji. Katika maisha ya mwanadamu kuna kuja, na vilevile kuna...

— Jaji, fupisha. Nina sare za watu.

— Waya Wazi wametoa wimbo, alisema Masafa haraka. Wa kuwakumbuka wenzao. Wamemtaja Kidole, wamemtaja Bi Kengele, wamemtaja Profesa. Halafu wamemtaja Spana.

Kikombe kilibaki pale kilipokuwa, kati ya kifua na mdomo. Shemeji aliitazama redio. Aliitambua kuwa ni yake, lakini hakusema kitu juu ya hilo. Akataka kukiweka kikombe kwenye benchi, akakosa, akakiweka tena.

— Walipomtaja, ngoma zilinyamaza?

— Vipi, shemeji?

— Jina lake lilipotajwa. Ngoma zilinyamaza, au ziliendelea?

Wembe akamtazama Masafa. Masafa akamtazama Jaji. Jaji akaitazama redio.

— Tulikuwa tunaongea, alisema Birika.

— Wote?

— Mimi nilikuwa nawaambia wanyamaze.

Shemeji alikaa. Alikaa pale pale penye tundu la ufunguo, na hakuna aliyemtahadharisha.

— Wale watu wana desturi yao, alisema. Siku tuliyomzika Kidole walipiga nyimbo zake makaburini. Kila palipotakiwa gitaa wakapaacha wazi. Hakuna aliyeruhusiwa kupaziba. Mume wangu alipiga ngoma peke yake kwenye mapengo yale, akarudi nyumbani hakula. Mwenzao akifa, chombo chake hunyamaza anapotajwa. Akiwa hai hakinyamazi. Kukinyamazisha ni kumtabiria kifo. Wanaogopa hata kufanya kwa mzaha.

— Basi tungoje, alisema Masafa. Wanaupiga tena baada ya habari.

Redio ikaanza kukoroma. Masafa akauvuta waya wa antena, akamkabidhi Jaji.

— Panda kwenye benchi. Nyoosha mkono.

— Mimi?

— Wewe mrefu. Na usipumue kwa nguvu.

Jaji akapanda, akanyoosha mkono kama anayekula kiapo. Taarifa ya habari ilikuwa ndefu. Ilisemwa bei ya saruji, ikasemwa barabara itakayofungwa, ikasemwa mvua. Likaja tangazo la magodoro. Kahawa ya shemeji ilipoa bila kuguswa. Alikuwa amechomoa pini moja ukosini, akawa anaichomeka na kuichomoa kwenye futi.

Wimbo ukaanza. Sauti ya kiume ikasema jina lake: Waliopiga Nasi. Ngoma zikaingia, kisha vyombo vingine vyote. Kijiweni hakuna aliyetikisika.

Kidole akatajwa. Gitaa likakatika, pakabaki shimo ambalo ngoma zilipita kandokando yake. Bi Kengele akatajwa, na waimbaji wote wakanyamaza, vikabaki vyombo. Profesa akatajwa, kinanda kikaondoka kama mtu aliyefunga mlango taratibu. Birika alikuwa ameshika birika hewani. Jaji alifumba macho.

Spana wa ngoma akatajwa.

Ngoma hazikunyamaza. Zilipanda. Kwenye ukingo wa ngoma mtu akagonga chuma mara mbili, ting, ting, kisha akarudi katikati na mapigo yakaendelea, mazito. Baada yake likatajwa jina lingine, la mpiga besi ambaye sasa anauza viatu sokoni, na besi likaendelea. Na lingine. Nusu nzima ya wimbo ilikuwa ya walio hai.

— Yule wa viatu si jana kaniuzia ndala, alisema Wembe polepole.

Hakuna aliyemjali. Walikuwa wanamtazama shemeji. Alikuwa ameinamisha kichwa, anasikiliza bado.

— Huyo ni yeye, alisema.

— Ndiyo, shemeji, ametajwa akiwa hai, tumesikia.

— Nasema anayepiga ni yeye. Mkono wa kushoto unachelewa. Ni lile bega aliloangukia kutoka kwenye tangi. Na hiyo ting ni spana, anaipiga ukingoni, ndiyo iliyompa jina.

Akachukua kikombe, akanywa kahawa baridi yote kwa mkupuo mmoja.

— Mwongo yule mtu. Aliniapia ameacha. Zile Jumamosi zote alizokuwa anakwenda kutengeneza pampu ya kanisa.

— Kanisa halina pampu, alisema Birika.

— Ndiyo nimejua sasa.

Alicheka. Kilikuwa kicheko kifupi kilichomtoka na machozi, akayafuta kwa ncha ya futi. Wembe naye akacheka, kisha Masafa, na Birika akamwongezea kila mtu bila kuombwa. Jaji aliuliza kama anaweza kushuka.

— Nilisema toka mwanzo, alisema alipofika chini. Wimbo unachukua miezi. Kwa hiyo alikuwa hai.

— Ulisema walijua kabla.

— Walijua kabla kwamba yu hai. Someni kumbukumbu.

— Na nywele nzito je? aliuliza Masafa.

— Za mtu mwenye siri, alisema Wembe. Ndizo nzito kuliko zote.

Shemeji akainuka. Alama ya tundu ilimpata yeye pia.

— Mmeniulia mume wangu kwa kahawa ya asubuhi moja, alisema. Na siku mkiondoka nyie, sijui watu watanyamazisha nini. Masafa, redio yangu naitaka leo.

Akavuka barabara. Hajafika kwenye cherehani, simu yake ikalia ndani ya duka. Walimwona nusu, upande usio na kadibodi. Aliongea, akanyamaza, akaongea kwa mkono, akapiga meza, kisha akasimama akiwa ameegemeza paji la uso kwenye kioo. Baada ya muda akatokeza mlangoni, simu ikiwa kifuani.

— Amepanda juu ya tangi ndipo ikashika, aliwaambia kutoka ng'ambo. Pampu imepona. Kesho yuko njiani. Anawasalimu.

— Mwambie na yeye asalimike, alisema Birika.

— Anauliza wimbo mmeuonaje.

Wakatazamana.

— Mwambie ngoma ni nzuri, alisema Wembe.

— Anajua ngoma ni nzuri, kapiga mwenyewe. Anauliza maneno. Anasema ubeti wake wa mwisho kautunga yeye, na unawahusu. Mmeuonaje?

Masafa akaisogeza redio katikati ya benchi na kuongeza sauti. Mtangazaji alikuwa anasema kwamba, kwa maombi ya wasikilizaji, wataurudia kabla ya adhuhuri. Jaji akapanda kwenye benchi na kuushika waya bila kuambiwa.