Sayari ya Tisa Ukutani

Benchi la kijiwe hiki cha Mbinga mjini linatazama ukuta wa shule ya msingi, na kwenye ukuta huo Mwalimu Raimundi alichora sayari tisa kwa mkono wake, enzi zile anafundisha. Siku hizi amestaafu, kijiweni wanamwita Mwalimu Tisa, na jina hilo analivaa kama koti la harusi. Jumamosi hiyo kamati ya shule ilikuwa imeleta fundi rangi: ukuta upakwe upya, sayari zibaki nane. Mzee wa watu alikuja kijiweni kubisha.

— Pluto imefukuzwa kazi tangu elfu mbili na sita, Mwalimu. Kubali yaishe, — alisema Joakim, mkoboa kahawa, ambaye ndiye mwenye birika.

— Imefukuzwa na nani? Wataalamu wa nyota walipiga kura siku ya mwisho ya mkutano wao, wengi wameshaondoka!

— Kumbe kama ushirika wetu, — alidakia Dunstan wa Lituhi, mleta dagaa wa ziwani, ambao huku ndio usipa, na kijiweni naye wanamwita Usipa. — Ajenda nzito wanaileta watu wakishafuata ubwabwa.

— Kosa lake udogo, — alisema Joakim.

— Udogo? Usipa naye mdogo, kwani si samaki? — aliuliza Dunstan.

— Si udogo, — Mwalimu alisahihisha. — Ni duara, na jua inalizunguka. Ila wanasema haijasafisha njia yake, kuna mawe mengine yamejaa. Eti sayari kibete!

— Basi hata mimi si baba mwenye nyumba, — alisema Usipa. — Kwangu kuna shemeji watatu, mwaka wa nne huu sijaweza kuwasafisha.

— Wangeivumilia tu, — alisema Joakim. — Haba na haba hujaza kibaba. Ingekua.

— Sayari haikui, Joakim!

— Umeenda ukaona? Mi nasema waliinyima cheo isije ikadai wilaya yake. Nyasa si walianza hivi hivi? Mara paa, wamejitoa Mbinga.

Wakacheka. Fundi rangi akavuka barabara, brashi mkononi, mwanamke wa miaka thelathini hivi, rangi imemrukia mpaka kwenye kitenge.

— Shikamoo, Mwalimu. Mimi Siwema, wa mzee Cleopa. Ulinifundisha darasa la tano, elfu mbili na saba.

— Marahaba, mwanangu.

— Nilisema sayari ni nane, nimesikia redioni. Ukanisimamisha juani mpaka nizihesabu tisa.

Siwema akaigeukia sayari ya tisa kule ukutani.

— Sijaja kugombana. Nataka kujua tu kabla sijaifuta ile ya mwisho. Wewe ulisikia lini kwamba ni nane?

Joakim akainamisha birika, likatoa machicha. Mwalimu alikuwa amesikia mwaka mzima kabla ya mtoto yule kusema, siku moja akiwa shambani kwake, redio imetundikwa kwenye mti wa kahawa, na aliizima. Aibu ikampanda mpaka masikioni.

Akainuka kwenye nafasi yake ya benchini, ambayo hajawahi kumwachia mtu.

— Keti, mwanangu. Leo nasimama mimi.

Akaichukua brashi, akavuka barabara mpaka penye sayari ya tisa ukutani, juani.