Boksi la Tano na Boksi la Kumi na Saba

Sogeeni karibu, wanangu, na mtu asinipe maji mpaka nitakapoyaomba mwenyewe, maana tangu nilale kitanda hiki kila nikifungua mdomo kusema jambo la maana naletewa kikombe. Wewe binti yangu, acha kunishika mkono kutafuta mapigo. Leo huna wagonjwa, leo ni mtoto wa nyumba hii, kaa. Kitinda, vua hiyo miwani ya kuchomelea, keti juu ya sanduku. Na wewe Profesa, zima simu. Izime kabisa, usiilaze kifudifudi ukadhani sioni. Nina hasira, na nataka mnisikilize nikiwa nazo, kwa sababu mtu akishakufa husemwa alikuwa mpole, na mimi sitaki uongo huo unifuate.

Ya mali nayamaliza haraka, si hayo yaliyonikaa kooni. Nyumba hii ni ya binti yangu, kwa sababu ndiye aliyemwogesha na kumlisha mama yenu mwaka mzima, wakati ninyi wawili mlikuwa mkipiga simu kuuliza hali. Asitokee wa kununa. Kiwanja cha nyuma ni cha Kitinda, ajenge karakana yake ya milango na mageti, aache kuchomelea kando ya barabara magari yakimpuliza vumbi. Taipureta ni ya Profesa. Mali imekwisha. Sasa tuje kwenye maboksi.

Mmekua mkiyaruka maboksi yale thelathini ya chumba cha nyuma, mkikatazwa kuyagusa, na leo nasikia Jumatatu gari la Taasisi ya Profesa linakuja kuyabeba, na kutakuwa na hotuba, na yule mzee mwenzangu aliyekuwa Mkurugenzi wangu wa kazi atakata utepe. Profesa, hukuniomba. Uliniarifu, kama mtu anavyomwarifu mpangaji. Gari hilo likija lirudi tupu. Nyamaza, sijamaliza, tena hata sijaanza.

Utawala ule wa askari ulipoanguka, ilifunguliwa ofisi ya kukusanya ushahidi wa watu walioumizwa, nami nikaajiriwa karani, kijana wa miaka ishirini na sita, shati jeupe, kalamu mbili mfukoni. Ilikuwa vyumba viwili juu ya duka la vioo, na ngazi yake ilikuwa na watu wamekaa kuanzia asubuhi, kila kipandio mtu. Mkurugenzi alikuwa amesoma mbali. Alitubandikia ukutani lile Tamko la haki za binadamu, ibara thelathini, akatufundisha lilivyoandikwa baada ya vita vikubwa, na watu waliochoka kuhesabu maiti. Hakutuambia kwamba baadhi ya wakubwa waliolipigia kura walikuwa siku hiyohiyo wanatawala nchi za wenzao kwa mjeledi. Hilo nililijua baadaye, kwenye vitabu, na damu ikanichemka. Lakini sina ugomvi na maneno yenyewe. Ni maneno mazuri, nayajua kwa moyo mpaka leo, niulizeni yoyote.

Ugomvi wangu ni na maboksi. Mkurugenzi alisema kazi ya kitaalamu lazima iwe na mpango, na mpango wake ulikuwa huu: kila ibara na boksi lake. Aliyeuawa, boksi la tatu. Aliyeteswa, boksi la tano. Aliyenyang'anywa mali, boksi la kumi na saba. Na majina tusiandike, tuweke namba kwa usalama wa mashahidi, na kila boksi lianze namba zake upya. Basi mtu mmoja akija na msiba wake mmoja, sisi tunamkata vipande, kila kipande fomu yake, kila fomu boksi lake, na katika kila boksi ana namba nyingine. Na tulijisifu! Wageni walikuja na kamera kutazama mpango wetu. Boksi la ishirini na nne, haki ya kupumzika na kupata likizo, halikupata hata fomu moja. Panya ndio waliolitumia, wakapumzika humo na watoto wao.

Acha kucheka, Kitinda. Au cheka, nami nilicheka wakati ule.

Siku moja akapanda ngazi mwanamke kijana, amevaa gauni la kijivu lililopigwa pasi vizuri. Alikaa mbele ya meza yangu akasema amekuja kwa ajili ya mlango wake. Nikadhani amekosea ofisi. Akaeleza. Kaka yake alikuwa mpiga chapa, alichapa karatasi za kuwapinga askari, wakamchukua. Wakarudi kumtaka dada aseme wenzake ni akina nani. Hakusema. Basi wakaja na bisibisi. Hawakuuvunja mlango, wanangu, sikilizeni vizuri hapa, waliufungua bawaba, skrubu moja moja, taratibu, wakaubeba mpaka kituoni kwao nyuma ya soko, wakaulaza juu ya mapipa mawili, wakaufanya meza ya kuchezea karata. Wakamwambia akiweka mlango mwingine, watamlaza yeye juu ya mapipa badala ya ule. Na tangu siku hiyo wakawa wanaingia wakitaka, anayetaka, saa anayotaka. Miezi saba. Akipita sokoni anauona mlango wake, na kikombe cha chai cha mtu juu yake.

Alipofika hapo nikanyanyuka kumwita Mkurugenzi, kwa sababu sikujua niandike fomu gani. Na sisi wawili, wanaume wenye elimu, tukasimama juu ya kichwa cha mwanamke yule tukibishana mlango ni ibara ya kumi na mbili, ya nyumba na faragha, au ni ya kumi na saba, ya mali. Robo saa nzima! Yeye amekaa, mikono mapajani, anatutazama mmoja baada ya mwingine. Mwishowe Mkurugenzi akasema mlango ni kitu, na kitu ni mali. Nikaandika: Boksi la kumi na saba, shahidi wa tisa, upotevu wa mali, mlango mmoja wa mbao. Kisha nikachukua fomu nyingine: Boksi la tano, shahidi wa arobaini na moja, askari waliingia nyumbani kwake mara nyingi, miezi saba. Na maneno yake mwenyewe, bisibisi, mapipa, kikombe cha chai, sikuyapiga taipu. Niliona haya kwa niaba yake. Nilijiambia namsitiri. Mjinga mimi, nilikuwa najisitiri mwenyewe nisiyapige kwa vidole vyangu.

Ila niliyaandika kwa penseli katika daftari langu, lile lenye jalada jekundu, ambamo niliweka jina la kila mtu na namba zake zote, ili siku moja vipande vikutane. Hilo ndilo pekee nililofanya vizuri katika kazi ile. Likae hapo chini ya mto, nitalitoa.

Miaka ikapita, Mkurugenzi akavishwa nishani, ofisi ikafungwa, maboksi nikayahifadhi mimi kwa kuwa hakuna aliyeyataka. Haki za binadamu zikawa somo. Zikapata idara, viti vya kuzunguka, semina zenye chakula cha mchana. Na mwanangu mkubwa akawa mhadhiri wa somo hilo, nikafurahi, mbona nisifurahi? Nilikuruhusu ufungue maboksi, Profesa, daftari sikukupa, na hilo ni kosa langu. Ukakaa chumba kile miaka miwili ukaandika kitabu.

Ukurasa wa mia moja na kumi na mbili. Unaujua? Mimi naujua kama ibara. Umeandika: "Shahidi wa 41 haelezi popote kwamba mlango wake ulivunjwa. Ni vigumu kukwepa hoja kwamba askari waliingia kwa ridhaa ya mwenye nyumba." Kwa ridhaa! Ulisoma boksi la tano, hukufungua la kumi na saba, maana mpango wetu mzuri haukukupa sababu ya kulifungua. Na sasa kila mwaka wanafunzi mia mbili wanaandika kwenye mtihani kwamba mwanamke yule haaminiki, nawe unawapa alama.

Kitinda, unakumbuka mlimwitaje mama yenu?

Komeo. Mama Komeo. Kila jioni anakagua komeo mara tatu, anarudi, anakaa, anainuka tena, nanyi mnamwigiza nyuma yake, mnatembea kama yeye, mnashika ukuta kama yeye, na mimi baba yenu nakaa kwenye kiti natazama gazeti. Naye anacheka pamoja nanyi! Kitinda ulipotaka kuacha shule uwe fundi, nani aliuza cherehani yake akakununulia mashine ya kuchomelea? Alikwambia nini? "Watengenezee watu milango." Ukadhani ni mapenzi tu ya mama.

Naona binti yangu ameshaelewa. Usilie sasa, mama, ngoja.

Ndiye. Alirudi ofisini wiki ya pili kuuliza mlango wake umefikia wapi, nikaona haya, nikamwomba radhi, akarudi tena, na baada ya miaka miwili nikamwoa. Yeye ni wa arobaini na moja, ni wa tisa pia, na kaka yake mpiga chapa, mjomba wenu mnayeambiwa alisafiri, yumo boksi la tatu, namba sita. Nyumba moja, maboksi matatu, na wote hao ni damu yenu.

Alikisoma kitabu chako, Profesa. Ulimwandikia kwa mkono, "Kwa mama, aliyenifundisha kusema kweli." Akakisoma siku tatu pale mezani, miwani puani, akifuata mistari kwa kidole. Alipofika ukurasa ule kidole kikarudi juu, akausoma tena. Nikataka kukurukia, nikataka kukuita nikucharaze mbele ya mkeo, akanizuia. Akasema, "Mtoto ameandika alichopewa. Karatasi zenu ndizo mbaya." Ni mimi huyo! Mimi niliyekula kiapo nitamlinda! Akasema nisikwambie akiwa hai, utashindwa kumtazama usoni, naye anataka uendelee kuja Jumapili uombe chai kama kawaida. Ukaendelea kuja. Akaendelea kukumiminia. Mpaka siku alipolala asiinuke tena alikumiminia chai, na kitabu chako kipo kabatini, kimefungwa ndani ya gauni lile la kijivu.

Basi sikilizeni ninavyotaka, na nasema mara moja kwa sababu kifua kinabana. Maboksi hayatoki Jumatatu. Mtakaa ninyi watatu, mtakata kamba, na kwa daftari hili mtamrudisha kila mtu mahali pamoja, fomu zake zote bahasha moja, jina lake juu. Kisha mtawatafuta wenyewe, au watoto wao, mlango kwa mlango, muwasomee, muwaulize wanataka zihifadhiwe, zichomwe au wapewe. Watakalosema, hilohilo. Taasisi ipate kitakachobaki, hata kama ni boksi la panya.

Wewe Profesa, ukurasa ule utaufuta na utaandika kwamba ulikosea, na mahali ulipokosea, na kwamba karani aliyezitenga fomu alikuwa baba yako. Mimi nitaje. Mama yako usimtaje. Alisema wajue ninyi watatu, basi. Nakujua, utashikwa na hamu ya kusimama mbele ya watu na machozi ukasema "mama yangu." Usithubutu kumfanya mfano wa darasani mara ya pili. Na wale wanafunzi, waite, uwaambie wasome boksi la kumi na saba.

Na Mkurugenzi asisimame na karatasi kwenye kaburi langu. Akitaka kuja, aje alie kama wengine. Mnipe shimo, msinipe semina.

Sasa... ngoja. Sasa hayo maji. Kidogo. Inatosha.

Lichukue daftari, Profesa. Radhi yako nimeiweka humo. Wenzako nimeshawapa, wewe bado, na sitakupa kwa kuwa unalia, wanaolia ni wengi. Fungua panapo utepe. Arobaini na moja. Soma jina lake, kisha soma aliyosema, mpaka mwisho, kwa sauti, asikie dada yako, asikie mdogo wako. Penseli imefifia, peleka dirishani. Soma.

Kwa sauti, nimesema.

... Ndiyo. Hilo ndilo jina lake. Endelea. Bisibisi, ndiyo... usiruke. Hapo ndipo niliporuka mimi. Rudia hapo.

... Ndiyo. Ndivyo alivyosema. Hivyohivyo.

Basi, baba. Njoo. Weka kichwa hapa. Radhi unayo, unayo yote, hata ile niliyokuwa nikikunyima tangu ukurasa ule. Mungu awape... awape nyumba zenye milango, wanangu, na funguo ziwe mikononi mwenu, na anayeingia awe ameitwa. Mpendane. Binti yangu, usifanye kazi mpaka... wewe nawe ulale. Kitinda, ule mlango wangu... wa kaburi... hapana, nimechanganya. Nimechoka kidogo.

Pazia liacheni. Nendeni mkale. Mkitoka... mkitoka, fungeni. Komeo. Mara tatu... mama yenu... mara tatu.